Selimundu: Kila mimba huanza hesabu upya

WAZAZI wawili wenye jeni ya selimundu wanapoelezwa kwamba kuna uwezekano wa mtoto mmoja kati ya wanne kuugua, wengi huyachukulia maneno hayo kana kwamba ugonjwa huo huja kwa zamu.

Waliokwisha kupata mtoto mgonjwa hudhani kwamba watatu watakaofuata watakuwa salama. Nao waliojaliwa watatu wazima huiogopa mimba ya nne, wakiamini kwamba zamu ya mgonjwa imewadia. Fikra zote mbili si sahihi, na zaweza kuigharimu familia pakubwa.

Selimundu ni ugonjwa wa damu unaorithiwa. Chembechembe nyekundu za damu, ambazo kwa kawaida ni za mviringo na laini, huwa ngumu na kupinda mfano wa mundu. Hali hii huziba mishipa midogo na kusababisha maumivu makali na upungufu wa damu.

Nchini Kenya, ugonjwa huu hupatikana zaidi katika maeneo ya Ziwa Victoria, magharibi na Pwani, ambako malaria imekita mizizi. Mnamo 1954, Anthony Allison, mwanasayansi aliyelelewa humu nchini, alichapisha utafiti ulioonyesha kwamba mtu mwenye nakala moja tu ya jeni hiyo ana kinga fulani dhidi ya malaria. Ndiyo sababu jeni hiyo imedumu miongoni mwa jamii za maeneo hayo.

Kila mtu hurithi nakala mbili za jeni inayohusika: moja kutoka kwa mama na nyingine kutoka kwa baba. Mwenye nakala moja nzima na moja ya selimundu hutambulishwa kwa herufi AS, na kwa kawaida haugui. Anayeugua ni yule aliyerithi nakala mbili za selimundu, yaani SS.

Mzazi wa AS anapompa mtoto nakala moja, ni sawa na kurusha sarafu: nusu ya uwezekano ni A, nusu ni S. Ili mtoto awe SS, sharti wazazi wote wawili watoe S. Nusu mara nusu ni robo, yaani asilimia 25.

Sarafu haina kumbukumbu. Iliyoangukia upande mmoja mara tatu mfululizo haina deni la kuangukia upande wa pili mara ya nne. Vivyo hivyo, mimba ya nne haijui yaliyotokea katika tatu za kwanza. Uwezekano wa mtoto huyo kuugua ni robo ile ile, wawe ndugu zake ni wazima au ni wagonjwa. Wanahisabati huyaita matukio ya aina hii matukio huru.

Hata hivyo, hesabu ni tofauti kwa wachumba ambao hawajapata mtoto na wanataka kujua hali ya familia nzima. Baadhi hujumlisha robo mara nne na kuhitimisha kwamba katika watoto wanne lazima mmoja augue. Njia sahihi ni kuanza na uwezekano wa kila mtoto kuepuka ugonjwa, yaani robo tatu, kisha kuzidisha robo tatu hizo pamoja, moja kwa kila mtoto.

Kwa watoto wawili, robo tatu mara robo tatu ni 9/16. Kwa wanne, ni 81/256, takriban asilimia 32. Ukitoa kiasi hicho katika 100, utaona kwamba uwezekano wa angalau mtoto mmoja kati ya wanne kuugua ni takriban asilimia 68. Si hakika, lakini si jambo la kupuuzwa. Uwezekano wa wote wanne kuugua ni 1/256, chini ya nusu ya asilimia moja.

Kuna jambo moja la kuzingatia: kuzidisha huku hufaa tu pale matukio yanapokuwa huru. Pacha wa kufanana, waliotokana na yai moja, hurithi jeni zile zile. Akiugua mmoja, mwenzake pia huugua, hivyo wote wawili huhesabiwa kama tukio moja.

Hesabu hii pia inaondoa lawama ambazo mara nyingi huelekezwa kwa mama. Mtoto wa SS amepata S moja kutoka kwa kila mzazi. Iwapo mmoja wa wazazi ni AA, watoto wao hawawezi kuwa SS. Iwapo mmoja ni AS na mwingine ni SS, uwezekano hupanda hadi nusu kwa kila mimba.

Kwa hivyo, wachumba wanashauriwa kupimwa damu ili kubainisha aina ya himoglobini kabla ya kuoana au kupata watoto. Wazazi ambao tayari wanajijua kuwa AS wanafaa kuhakikisha kila mtoto anapimwa mapema, hata kama waliomtangulia ni wazima. Mtoto anayegunduliwa mapema huweza kuanzishiwa penisilini ya kumkinga dhidi ya maambukizi hatari, kabla ugonjwa haujamlemea.