Wimbo Bila Toni: Mipaka ya Maandishi katika Kurithisha Nyimbo za Wakurya

Makala haya yanafafanua kwa nini maandishi peke yake hayatoshi kurithisha nyimbo za jadi za Wakurya wa Kemambo, wilayani Tarime, na wa maeneo jirani ya Serengeti. Hoja yetu ni kwamba wimbo hurithishwa kupitia mambo matatu yanayotegemeana: maneno, sauti na tukio.

Historia ya nyimbo za jadi za Kijerumani inatupa kielelezo. Johann Gottfried Herder alichapisha *Volkslieder* mwaka 1778–1779. Arnim na Brentano wakafuatia na *Des Knaben Wunderhorn* kati ya 1805 na 1808. Mikusanyo hiyo iliokoa maneno ya nyimbo nyingi, lakini ilichapishwa bila mahadhi, na Arnim na Brentano waliyarekebisha hata maneno yenyewe. Msomaji alipokea ushairi wa kusomwa. Hifadhi ya nyimbo aliyoianzisha John Meier mjini Freiburg mwaka 1914 ilikusanya maneno pamoja na mahadhi.

Kwa Kikurya, hasara ya kuandika maneno tu ni kubwa zaidi. Lugha hii ina irabu saba, ilhali othografia ya Kiswahili ina tano. Aidha, ni lugha ya toni: katika kitenzi, toni ya juu huweza kupachikwa kwenye mora ya kwanza, ya pili, ya tatu au ya nne ya shina, kutegemea njeo na hali. Mkusanyaji asiyeweka alama za toni humwachia mjukuu kitenzi ambacho njeo yake inaweza kutatanisha.

Kuhusu tukio, suala ni gumu zaidi. Nyimbo nyingi hufungamana na *esaro*, yaani tohara na rika linalotokana nayo. Sheria ya mwaka 1998 inakataza ukeketaji wa wasichana walio chini ya umri wa miaka 18, na inastahili kutekelezwa. Je, nyimbo zake zife? Hapa yafaa kutofautisha kuhifadhi na kurithisha. Wimbo unaomkejeli msichana asiyekeketwa uhifadhiwe kwa ajili ya utafiti, usifundishwe watoto. Wimbo wa kuusia bidii na heshima unaweza kuhamishiwa kwenye tukio jingine.

Kwa hiyo, mtafiti arekodi sauti, anukuu kwa alama za toni, na aeleze nani humwimbia nani, lini na kwa nini. Bila maelezo hayo, kizazi kijacho hakitakuwa na msingi wa kuamua kipi kiendelezwe na kipi kiachwe.