Kukifunga Chombo cha Kuchorea Madirisha katika Somo la Programu

Tangu Microsoft ilipotoa Visual Basic mwaka 1991, anayejifunza kutunga programu za kompyuta ameweza kutengeneza dirisha kwa kuvuta vitufe na visanduku kwa kipanya na kuvipanga kwenye skrini. Katika Visual Studio ya leo, mwanafunzi wa lugha ya C# akifungua faili ya dirisha la Windows Forms, kwanza hutokea picha, wala si maandishi. Njia hii hufurahisha darasa, nasi hatuidharau.

Lakini picha haijitengenezi. Kila kitufe kinapowekwa, chombo huandika maagizo katika faili nyingine, ambayo jina lake huishia na Designer.cs. Mwanafunzi asiyepata kuifungua aweza kupanga vitufe kumi, na akiulizwa vimetoka wapi, hana jibu. Tena akiyasahihisha maagizo hayo kwa mkono, chombo chaweza kuyaandika upya na kuifuta kazi yake.

Kwa hiyo twapendekeza chombo kifungwe kwa vipindi viwili vitatu. Mwalimu atayarishe faili mpya yenye klasi moja, yaani fungu la maagizo linaloeleza dirisha, na juu ya klasi hiyo aandike:

[System.ComponentModel.DesignerCategory("Code")]

Jina liandikwe lote. Likifupishwa, aghalabu Visual Studio hailitambui. Tangu hapo faili ikifunguliwa hutokea maandishi. Mstari huu haubadili mwendo wa programu wala hauyagusi madirisha mengine, na ukifutwa picha hurudi.

Sasa darasa liunde kitufe kwa maandishi, na mwalimu aliache kwa makusudi agizo la Controls.Add. Programu itaendeshwa bila lalamiko lolote, na dirisha litakuwa tupu. Mwalimu asiwe na haraka ya kueleza, awaache wabishane. Kitufe kipo katika kumbukumbu ya kompyuta, ila hakijatiwa dirishani. Agizo likiisha kuongezwa, waunde kitufe cha pili bila kukitajia mahali. Kitaonekana kimoja tu, kwa kuwa vyote viwili vimekaa kwenye kona ya juu kushoto, sifuri kwa sifuri, kimoja kimemfunika mwenziwe.

Hapa karatasi ya miraba ya somo la hesabu yafaa sana. Wanafunzi wachore dirisha, wahesabu miraba kwenda kulia, kisha kwenda chini. Hapo pana utatanishi, maana katika grafu walizozoea namba huongezeka kwenda juu, na katika dirisha huongezeka kwenda chini. Mwalimu asiyelitaja jambo hili mapema atasahihisha kosa moja katika madaftari yote.

Wakishaweza kupanga vitufe vitatu kwa maandishi, walifungue dirisha walilolichora zamani kwa kipanya, na walitafute agizo la Controls.Add katika faili yake ya Designer.cs.