Mjerumani aliyewataja wazee wa Mvita kwa majina

Jioni ikiingia Bondeni, Kibokoni na Kuze, mitaa ya Mombasa, yaani Mvita, wanaume huketi barazani. Kahawa tungu huzunguka, na ubishi ulioanza na bei ya samaki huishia kwenye tafsiri ya aya.

Mwishoni mwa miaka ya 1990 mwanaanthropolojia Kai Kresse alikuja kuketi kwenye mabaraza ya Mji wa Kale. Kitabu chake, Philosophising in Mombasa, kilitoka mwaka 2007.

Wenzake katika fani hiyo wamezoea kuficha majina. Clifford Geertz, aliyetafiti dini ya Wajava nchini Indonesia miaka ya 1950, aliupa mji aliouchunguza jina la bandia, Modjokuto, na wakazi wake akawagawa mafungu. Kresse hakuwatia watu mafunguni. Aliwaandika watatu kwa majina yao, akayajadili mawazo yao kama yanavyojadiliwa mawazo ya wanafalsafa wa Ulaya. Ustadh Ahmed Sheikh Nabhany, mzaliwa wa Lamu, mshairi na mhifadhi wa lugha aliyetupa neno runinga. Ustadh Ahmad Nassir, mshairi na mganga, mtunzi wa Utenzi wa Mtu ni Utu. Na nduguye, Sheikh Abdilahi Nassir.

Huyu wa mwisho ndiye anayenogesha kitabu. Alikuwa katika siasa za Mwambao, zilizodai ukanda wa pwani ujitawale, kabla ya uhuru, kisha akawa mhadhiri wa dini aliyetoka Usuni akaingia Ushia, hadharani, katika mji wa Masuni. Darasa zake za Ramadhani zilikuwa na wapinzani, naye aliwajibu kwa hoja. Mtafiti aliyezoea kuuliza “Waislamu wa Pwani wanaamini nini?” hapo hukwama, maana wenyewe hawajakubaliana.

Wala ubishi huo si wa jana. Sheikh al-Amin bin Ali Mazrui, baadaye Kadhi Mkuu wa Kenya, alianzisha gazeti la Sahifa mwaka 1930, kwa Kiswahili cha hati za Kiarabu, akiwakosoa wenziwe kwa uzembe wa elimu na kuiga Wazungu. Makala zake zilikusanywa katika Uwongozi. Mwaka 2017 Kresse, akishirikiana na Hassan Mwakimako katika tafsiri, alizitoa upya, Kiswahili na Kiingereza kwa pamoja.

Kitabu cha 2007 kiliandikwa kwa Kiingereza, ilhali hoja zake nyingi zilisemwa kwa Kiswahili. Wachapishaji wetu wakirudishe barazani.