Yuzuru Hanyu na Mruko wa Mizunguko Minne na Nusu

Katika mji wa Sendai, kaskazini mashariki ya Japani, alizaliwa tarehe 7 Desemba 1994 Yuzuru Hanyu, ambaye tangu utotoni aliandamwa na maradhi ya pumu, na ambaye alipofikia umri wa miaka minne alimfuata dada yake kwenye uwanja wa barafu, akaanza kujifunza kuteleza kwa madaha, mchezo unaomdai mtu pumzi, nguvu na uzuri kwa wakati mmoja. Maisha yake yastahili kusomwa na wapenda elimu sawa na wapenda michezo, kwa kuwa aushi yake yote juu ya barafu aliitumia kutafuta mpaka ambao kanuni za maumbile zimeuwekea mwili wa binadamu.

Mpaka huo huanzia kwenye barafu yenyewe. Zamani wataalamu wengi waliamini kwamba barafu huteleza kwa sababu uzito wa mtu, ukikusanyika juu ya chuma chembamba cha kiatu, huiyeyusha. Walakini hesabu zimedhihirisha kuwa shinikizo hilo hushusha kiwango cha kuyeyukia kwa kiasi kidogo tu, na watu huteleza vyema hata penye baridi kali zaidi. Michael Faraday wa Uingereza alikwisha kubaini mwaka 1850 kwamba uso wa barafu una utando mwembamba mno wenye tabia ya majimaji, na baadaye ikafahamika kuwa joto la msuguano huuongeza. Chuma chenyewe kina unene wa milimita nne hivi, na chini yake huchongwa mfereji unaoacha kingo mbili kali. Juu ya ukingo mmoja ndipo mchezaji huegemea apate kupinda, na kutoka ukingo huo, au kwa msaada wa meno yaliyo kwenye ncha ya mbele, ndipo huruka.

Akiisha kuiacha barafu hana tena cha kusukuma, na kiasi cha mwendo wa kuzunguka alichoondoka nacho ndicho hicho hicho atakachorudi nacho. Linalobaki katika hiari yake ni umbo la mwili. Akikunja mikono kifuani na kuibana miguu, huzunguka kasi kama pia. Akiitandaza, kasi hupungua, akapata kutua kwa mguu mmoja, akienda kinyumenyume. Mwenye kujiinua sentimita sitini hukaa hewani sehemu saba za kumi za sekunde, basi.

Katika miruko yote, Axel ndio mgumu kupita mingine. Umepewa jina la Axel Paulsen, Mnorwe aliyeuonyesha Vienna mwaka 1882, nao ni wa pekee kwa kuwa mchezaji huondoka akielekea mbele ilhali hutua akielekea nyuma, hivyo nusu mzunguko huongezeka. Kwa hiyo Axel ya minne ni mizunguko minne na nusu, na kwa muda tulioutaja yampasa mtu azunguke zaidi ya mara sita kwa sekunde, wala kasi hiyo haipatikani papo hapo, maana mikono yataka muda wa kukunjika na muda wa kukunjuka.

Hanyu aliifikia azma ya kuuruka mruko huo kwa njia ndefu. Tarehe 11 Machi 2011, alipokuwa na miaka kumi na sita, zilzala kuu ilimkuta mazoezini Sendai, akatoka mbio na viatu vya barafu miguuni, na uwanja ukafungwa kwa uharibifu. Mwaka uliofuata alihamia Toronto kwa mwalimu Brian Orser. Akatwaa dhahabu ya Olimpiki huko Sochi mwaka 2014, na mwaka 2016 akawa wa kwanza kutua mruko uitwao loop wa mizunguko minne katika mashindano. Novemba 2017 aliumia kifundo cha mguu wa kulia, ule ule autumiao kutua, lakini Februari 2018 alirejea na kushinda tena Olimpiki huko Pyeongchang, mara mbili mfululizo, jambo ambalo hakuna mwanamume anayeteleza peke yake aliyelifanya tangu Dick Button wa Marekani mwaka 1952.

Kwenye Olimpiki ya Beijing, mwaka 2022, chuma chake kilinasa kwenye tundu la barafu siku ya kwanza, na mruko wake ukapotea. Hata hivyo siku ya pili alithubutu Axel ya minne. Akaanguka, na waamuzi wakahesabu kuwa mzunguko wake haukutimia, naye akashika nafasi ya nne. Julai mwaka huo aliaga mashindano, na Septemba Ilia Malinin, kijana wa Marekani, akautua mruko huo kwa ukamilifu huko Lake Placid.

Alipokuwa mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Waseda, Hanyu alifanya utafiti wa kupima mienendo ya mchezaji kwa vipimio vidogo vinavyofungwa mwilini. Wakuu wa mchezo huu wangetenda haki kuiendeleza kazi hiyo, kwa sababu jicho la mwamuzi, hata liwe na uzoefu gani, laweza kukosea robo ya mzunguko katika mruko usiofika sekunde moja, na juu ya robo hiyo huamuliwa malipo ya jasho la miaka mingi.