'Losheni ya maua' isiyo na hata ua moja

JUMAMOSI moja mwezi uliopita nilikuwa Salama, Kaunti ya Makueni. Wanaosafiri kwa barabara kuu ya Nairobi kwenda Mombasa wanakijua kituo hicho: ukishapita Malili, kabla hujafika Sultan Hamud, unakutana na malori yaliyoegeshwa kando ya barabara na maduka yaliyopangana. Nilikuwa nimekwenda kumjulia hali mpwa wangu ambaye ni mjamzito, mwezi wa tano sasa.

Tulikuwa tumeketi nje tukinywa chai alipoingia ndani na kurudi na chupa ya losheni. "Mjomba," akaniambia, "si wewe ni profesa wa lugha? Hebu nisomee hii." Mbele ya chupa palikuwa na picha ya maua meupe madogo. Nyuma, kwa herufi zilizoishinda miwani yangu, palikuwa na orodha ndefu ya viambato. Kidole chake kiliganda juu ya maneno mawili: Butylphenyl Methylpropional.

Mwenzake wa kliniki alikuwa amemwambia kuwa mama mjamzito aliepuke jina hilo. Alipokwenda dukani kuuliza, mama muuzaji alimtoa hofu: "Hiyo ni harufu tu. Losheni ya maua ina ubaya gani, jameni?"

Nikiri hapa hadharani kwamba nilishindwa kumjibu. Nimefundisha isimu kwa zaidi ya miaka 30, nimesahihisha tasnifu zisizo na idadi, na maneno mawili ya nyuma ya chupa yakanifunga mdomo. Nilimwomba aiweke losheni kando hadi nitakapompigia simu. Makala haya ni jibu nililompa baadaye, pamoja na mambo mengine yanayotuhusu sisi wapenzi wa Kiswahili.

Tuanze na jina lenyewe. Majina ya kemia huonekana kama laana, lakini ukiyapasua utakuta ni maneno ya kawaida yaliyoungwa. 'Butyl' linatokana na neno la Kilatini lenye maana ya siagi, kwa kuwa asidi iliyotoa jina hilo ilipatikana kwanza katika siagi. 'Phenyl' limetoka kwa Kigiriki, kwenye kitenzi cha kung'aa. Mwanakemia Mfaransa Auguste Laurent alilichagua kwa sababu benzini ilikuwa imegunduliwa katika gesi ya kuwashia taa. 'Methyl' ni mvinyo na mti. Wafaransa wengine wawili, Dumas na Péligot, waliliunda mwaka 1834 kwa maneno mawili ya Kigiriki, wakifikiria pombe inayopatikana kwa kuchoma mbao. 'Propion' ni 'mafuta ya kwanza', na kiishio '-al' kinatuambia kuwa kemikali hiyo ni ya ukoo wa alidehaidi, neno lililofupishwa kutoka Kilatini kwa maana ya alkoholi iliyonyang'anywa haidrojeni.

Jumlisha sasa: siagi, mwanga, mvinyo, mti, mafuta. Hakuna ua. Kwa mwanakemia, jina hilo ni kama anwani ya nyumba. Akilisoma anapata picha ya jinsi kemikali hiyo ilivyoundwa. Kwa mpwa wangu ni kelele tupu. Halimwambii kitu hicho kinanukaje, kimetoka wapi wala kina madhara gani.

Kemikali hiyo ina jina jingine, fupi na tamu, ambalo viwanda na magazeti hulitumia: Lilial. Hili ni jina la kibiashara la Givaudan, kampuni ya Uswisi inayotengeneza manukato. Muundo wake unasomeka wazi: 'lili' ni ua, na '-al' ni kile kiishio cha alidehaidi. Nusu ni ushairi, nusu ni maabara. Nayo nusu ya ushairi ndiyo inayouza.

Lakini ua gani? Linalolengwa ni lile ambalo Waingereza huliita yungi la bondeni na Wafaransa huliita 'muguet'. Ni mmea wa nchi za baridi, wenye maua meupe yanayoinama kama kengele ndogo. Wafaransa hupeana ua hilo kila tarehe 1 Mei kwa kutakiana heri. Ukali wa mambo ni kwamba ua hilo halitoi mafuta ya kutosha yanayoweza kukamuliwa kwa biashara. Waridi hutoa, asumini hutoa, langilangi hutoa. Hili ni bahili. Ndiyo maana watengenezaji wa manukato walilazimika kuiga harufu yake kwa kemikali, na Lilial ni mojawapo ya waigaji hao. Isitoshe, kwa uainishaji wa wataalamu wa mimea, ua hilo si yungi hata kidogo. Jina lilikuwa la kuazima hata kabla ya kemikali kuliazima.

Hata watafsiri wetu waliwahi kukwama papo hapo. Waliotafsiri Biblia ya Kiswahili ya Union walipofikia yungi la mabondeni katika Wimbo Ulio Bora, walichagua neno 'nyinyoro'. Maua husafiri vibaya kutoka lugha moja hadi nyingine.

Je, mwenzake wa kliniki alikuwa na hoja? Alikuwa nayo. Katika Umoja wa Ulaya, neno 'parfum' lilitosha zamani kuficha manukato yote yaliyomo katika losheni au sabuni. Kuanzia mwaka 2005, watengenezaji walilazimishwa kutaja waziwazi viambato 26 vya harufu vinavyojulikana kuwasha watu ngozi, vikizidi kiwango fulani. Kemikali yetu ilikuwa mojawapo ya hivyo 26, na ndiyo sababu jina lake linaonekana nyuma ya chupa nyingi. Baadaye ilipewa daraja la vitu vinavyochukuliwa kuwa vinadhuru uwezo wa kuzaa na kushukiwa kumdhuru mtoto aliye tumboni. Kuanzia Machi 1, 2022, ilipigwa marufuku katika vipodozi vyote vinavyouzwa kwenye soko hilo.

Niseme kwa uangalifu, maana sitaki kuwatia akina mama hofu. Ushahidi uliotumiwa ulitokana hasa na majaribio ya wanyama, na hakuna anayesema kuwa kujipaka mara moja ni kujiangamiza. Ila daraja hilo halitolewi kwa utani. Nilimshauri mpwa wangu aache kuitumia na amwonyeshe muuguzi chupa hiyo. Ushauri wa afya haufai kuishia kwa profesa wa lugha.

Sehemu yangu ni lugha, na hapa nina jambo la kusema. Mama wa dukani hakudanganya. Aliteleza juu ya kipashio kidogo kuliko vyote katika Kiswahili: kile tunachokiita 'a-unganifu'. Tazama: dawa ya meno ni ya kusafishia meno. Dawa ya mbu haimtibu mbu. Inamfukuza au kumuua. Dawa ya mwarobaini imetengenezwa kwa mwarobaini. Dawa ya hospitali imetoka hospitalini. Kipashio ni kilekile, na maana ni nne tofauti. Msikilizaji huzitenganisha kwa kuujua ulimwengu, wala si kwa kuijua sarufi.

'Losheni ya maua', basi, ni losheni gani? Iliyotengenezwa kwa maua? Inayonukia kama maua? Au iliyochorwa maua kwenye chupa? Maji ya waridi yanayotolewa kwa waridi lenyewe yanastahili jina hilo kwa maana ya kwanza. Sabuni nyingi 'za waridi' zinastahili maana ya pili au ya tatu tu. Pale ambapo ulimwengu wa bidhaa hatuujui, a-unganifu inakuwa mlango wazi, na biashara huupitia bila kubisha hodi.

Wala si kwamba Kiswahili ni maskini wa harufu. Chukua kitenzi 'nuka'. Samaki aliyeoza hunuka, soksi za mwanafunzi wa bweni hunuka. Ongeza kiambishi cha kauli ya kutendea upate 'nukia', na ghafla pilau inanukia, bibi harusi ananukia. Kwa kawaida kauli ya kutendea huonyesha kwamba jambo linafanywa kwa ajili ya mtu au kwa kitu, kama 'pika' na 'pikia'. Hapa imegeuza uvundo kuwa raha. Naye 'nusa', ndugu yao wa mzizi uleule, ni kazi ya pua yenyewe. 

Njoo kwenye nomino. 'Marashi' limetoka kwenye kitenzi cha Kiarabu cha kunyunyiza, na hadi leo 'mrashi' ni chombo cha kunyunyizia. 'Uturi' nalo ni la Kiarabu, la manukato kwa jumla. Kuna udi na ubani vya kufukizwa kwenye chetezo. Kuna kikuba, kile kishada cha maua na majani yanukiayo ambacho wanawake wa pwani hujipambia. Huko Pemba, kiwanda cha karibu na Chake Chake ambacho watu wengi hukiita Makonyo kilipata jina kutoka kwa vikonyo vya karafuu vinavyokamuliwa mafuta. Hilo ni jina adilifu: linakutajia malighafi moja kwa moja.

Kwa hiyo tunaweza kuandika lebo adilifu kwa Kiswahili. Napendekeza mambo matatu. Kwanza, tuiondolee a-unganifu mzigo usio wake. Kama bidhaa ina ua ndani yake, iandikwe 'yenye mafuta ya waridi'. Kama haina, iandikwe 'yenye harufu kama ya waridi'. Ni maneno mawili matatu zaidi, lakini yanaufunga ule mlango. Pili, tuwe na istilahi ya kazi. Neno 'kiambato' tayari limo katika kamusi. Kwa kile kiambato ambacho kazi yake ni kutoa harufu tu, napendekeza 'kinukishi', kwa mfano wa 'kilainishi', na kile kilichoundwa maabara kiitwe 'kinukishi cha kuundwa'. Tatu, jina la kemia libaki palepale lilipo, bila kutafsiriwa, kwa sababu ndilo anwani. Ndilo lililomwezesha yule mwenzake wa kliniki kumwonya mwenziwe. Tusiliondoe, bali tuliwekee kando maelezo ambayo mwananchi anaweza kuyasoma.

Najua kuna atakayesema kuwa kitu cha asili ni salama, cha maabara ni sumu, na hivyo istilahi yangu itatosha kumwongoza mnunuzi. La hasha! Lile yungi la bondeni lenyewe, ua halisi lililochanua kwenye udongo halisi, ni mmea wenye sumu inayovuruga mapigo ya moyo. Nacho kinukishi cha kuundwa kinaweza kuwa hakina neno lolote. Kusema kipi kikatazwe ni kazi ya wanasayansi na ya Shirika la Ubora wa Bidhaa nchini, KEBS. Yetu ni kuhakikisha kuwa wanachokisema kinamfikia mnunuzi katika lugha anayoielewa.

Hilo nalo si ombi la wapenda lugha peke yao. Katiba ya mwaka 2010, Kifungu cha 7, inasema Kiswahili ni lugha ya taifa na pia, pamoja na Kiingereza, ni lugha rasmi. Kifungu cha 46 kinampa mtumiaji wa bidhaa haki ya kupata taarifa anazozihitaji ili anufaike nazo kikamilifu. Visome vifungu hivyo viwili pamoja, kisha uniambie taarifa iliyoandikwa kwa siagi ya Kilatini na mwanga wa Kigiriki imemfikia nani pale Salama.

Nilimpigia mpwa wangu simu Jumatano iliyofuata nikamweleza haya, kwa ufupi zaidi. Alinyamaza kidogo, kisha akauliza: "Kwa hivyo, Mjomba, hayo maua kwa chupa ni ya nini?" Nikamjibu kuwa ni a-unganifu iliyochorwa. Akacheka, akasema chupa ameshaipeleka kliniki, na kwamba mama wa dukani naye anataka aandikiwe lile jina kwenye karatasi ili aangalie chupa zilizobaki kwenye rafu.

Nililiandika, herufi kwa herufi, nikalituma kwa simu. Chini yake nikaongeza mstari mmoja wa Kiswahili: 'Kinukishi cha kuundwa, kinanukia kama ua, si ua, mjamzito asitumie kabla ya kumwuliza muuguzi.'