Msimu Mmoja wa Mpira, Ordinateri Mbili



Siku ya posho iliyopita, tulipomaliza kuhesabu akiba na kufunga sanduku, mama mmoja alibaki ameketi. Tulidhani ana shida ya mkopo. Akasema: «Watoto wangu wawili hawasemezani tena kwa sababu ya mpira ambao haukuchezwa uwanjani.» Wengine tulicheka. Alipoeleza, kicheko kilikwisha.

Mwezi wa kwanza 2023, vita ilipofika Kitshanga, jamaa nyingi zilikimbia, wengine kuelekea Mweso, wengine Sake na Goma. Mama huyu alikimbilia Goma kwa wifi yake pamoja na watoto. Baadaye alirudi huku na mvulana wake mdogo, na mkubwa akabaki kwa shangazi kwa ajili ya masomo. Tangu hapo ndugu hao wawili wanasikilizana kwa telefone tu, vitengo vikipatikana. Na wanasema nini? Hawasemi juu ya nyumba wala njaa. Wanasema juu ya timu yao.

Timu yenyewe imo ndani ya mchezo wa video unaoitwa Pro Evolution Soccer 2017, uliotengenezwa na kampuni ya Konami ya Japani. Una sehemu ambamo mtoto anakuwa kocha: ananunua wachezaji, anauza, analea vijana, anacheza mechi moja moja hadi mwisho wa msimu. Si jambo la saa moja, linaweza kuchukua miezi. Yaya anacheza kwenye ordinateri ya mume wa shangazi kule Goma. Mdogo anacheza hapa, kwenye ordinateri ya zamani katika nyumba ya kupiga fotokopi ambako anasaidia kazi kisha masomo. Mwenye nyumba anamruhusu kama hakuna mteja na jenereta inawaka. Lakini msimu ni mmoja. Kle ya USB inasafiri ndani ya mfuko wa wachuuzi kwa barabara ya Kilolirwe na Sake. Ikifika Goma, yaya anaendelea pale mdogo alipoachia. Ikirudi Kitshanga, mdogo anaendelea pale yaya alipoachia.

Halafu siku moja mdogo alichomeka kle akakuta timu imerudi nyuma. Majuma matatu ya mechi alizocheza yeye, pamoja na kombe alilokuwa ameshinda, havipo. Akampigia yaya wake. Yaya akajibu kwamba kle iliyofika Goma haikuwa na kitu kipya, na kwamba mdogo anamdanganya, hakucheza hata mechi moja. Mdogo akasema yaya amefuta kwa makusudi kwa sababu ya wivu. Simu ikakatwa. Mama alikaa mwezi mzima kati ya watoto wawili, kila mmoja akimwambia mwenzake ni mwongo.

Hapo ndipo tuliona si jambo la kucheka. Dada mmoja wa kundi letu anayefanya kazi ya kuandika kwenye ordinateri alienda na mama yule kuangalia. Alivyotueleza, tunawaeleza nasi, maana watoto wengi wa hapa wanabeba michezo yao kwa kle kutoka mashine hii kwenda ile.

Kwanza, mchezo na maendeleo ya mtoto ndani ya mchezo ni vitu viwili. Mchezo wenyewe ni mkubwa, jigabaiti kadhaa, na umewekwa katika kila mashine. Maendeleo ni faili ndogo tu ambayo mchezo unaiandika kila mara mtoto anapohifadhi. Mchezo ni kama sufuria, na faili ile ni chakula kilichomo: jirani anaweza kuwa na sufuria kama yako kabisa, lakini mboga yako haimo. Katika mchezo huu wa mpira, faili hizo hukaa mahali panapoitwa Documents, ndani ya dosie ya KONAMI, kisha dosie yenye jina la mchezo, kisha dosie iliyoandikwa save. Dosie hiyo ya mwisho ndiyo ya kunakili. Watoto wengine wananakili alama ya mchezo iliyo kwenye sura ya ordinateri, wanafurahi kwamba wamebeba kila kitu, kumbe wamebeba kibao cha mlango na nyumba imebaki.

Wale wavulana walijua hayo. Kosa lilikuwa kwenye saa.

Ordinateri ya mezani ina betri ndogo ya duara kama sarafu, imeandikwa CR2032, na kazi yake ni kukumbuka saa na tarehe wakati mashine haina umeme. Betri hiyo ikifa, kila mara umeme ukikatika mashine inasahau tarehe na kurudi miaka ya nyuma. Dada yetu alipowasha ile ya hapa, pembeni chini palionyesha mwaka 2009. Jenereta inazimwa kila jioni, kwa hiyo kila asubuhi mashine ile inaamka katika mwaka huohuo, na kila faili inayoandikwa inapewa tarehe ya 2009.

Sasa fuateni kisa. Mdogo alicheza, akanakili, akatuma kle. Yaya kule Goma ni mtoto makini: kabla ya kunakili alilinganisha tarehe. Yake ilikuwa ya mwaka huu, ya kle ilikuwa ya 2009. Akaamua ya kle ni ya zamani, akaweka yake juu yake. Kle iliporudi Kitshanga, mdogo naye akanakili bila kuangalia, akafunika faili yake nzuri iliyokuwa bado kwenye mashine. Kazi ilifutwa mara mbili, mara ya kwanza kwa uangalifu na mara ya pili kwa haraka. Hakuna aliyedanganya.

Mama alipompigia mkubwa na kumweleza habari ya 2009, alikaa kimya, kisha akaomba kuongea na mdogo wake. Hatukuuliza walisema nini. Kombe halikurudi, walianza tena kutoka faili iliyobaki. Betri mpya imekwisha kuwekwa, na mwenye nyumba ya fotokopi amefurahi sana, maana barua za wateja wake nazo zilikuwa zinaonyesha tarehe za ajabu.

Tulijiuliza wengine duniani wanafanyaje, kwa sababu shida hii si ya Kitshanga peke yake. Kampuni ya Valve ya Marekani, inayouza michezo kwa njia ya Steam, ilianza mwaka 2008 kuweka faili za wachezaji kwenye mashine zake yenyewe, ili mtu akifungua akaunti yake kwenye ordinateri nyingine akute maendeleo yake yapo. Wengi wamefuata. Hata hivyo, mashine zikipishana Steam haijiamulii: inamwonyesha mchezaji nakala mbili na tarehe zake, inamwuliza achague ipi. Swali ni lilelile la wale wavulana. Tena njia hiyo inataka akaunti na intaneti ya mara kwa mara, na kwetu sisi mega zinaisha kabla ya mwezi. Ipo pia programu ya bure iitwayo Syncthing inayolinganisha dosie za ordinateri mbili moja kwa moja, hata bila intaneti kama ziko kwenye mtandao mmoja wa ndani. Hiyo inafaa nyumba yenye mashine mbili, haifai Goma na Kitshanga bila mega.

Kwa hiyo tumebaki na kle, na wavulana wale wametunga sheria yao ambayo sisi tumeipenda. Mwenye kle mkononi ndiye mwenye msimu. Mwingine hachezi timu hiyo hata mechi moja, anacheza kitu kingine. Hawaamini tarehe ya mashine tena. Kila dosie wanaipa namba: msimu 14, msimu 15, msimu 16, na namba kubwa ndiyo mpya. Hawafuti ya zamani siku ileile, wanaiacha pembeni hadi mwenzao athibitishe kwa simu kwamba mpya imefunguka. Faili hizi ni ndogo, kle haitajaa. Ninyi wenye funguo za sanduku la AVEC mnalijua jambo hili: tunaweka kufuli tatu kwa wamama watatu, si kwa kuwa tunashukiana, bali ili mmoja akikosea wengine waone.

Kuhusu kle zenyewe, neno moja. Kirusi kimoja kinachozunguka sana katika nyumba za ordinateri kinaficha dosie zote na kuweka raksi, yaani njia za mkato, zenye majina yaleyale. Mtoto anaona kila kitu kimeharibika, na fundi wa haraka anamwambia «tufute kle nzima». Msikubali upesi. Mara nyingi dosie zipo, zimefichwa tu, na mtu anayejua anazionyesha tena kwa dakika chache. Na mwambieni mtoto asichomoe kle wakati mashine bado inaandika.

Wanaocheza kwenye PlayStation 2 katika nyumba za michezo wanatumia karte memwari ya megabaiti 8, ambayo inabeba maendeleo kama kle inavyobeba. Kama mtoto anacheza bila karte, umeme ukikatika anaanza upya, na anaomba tena franka za saa nyingine. Tulihesabu na mama mmoja, tukaona karte ingekuwa imejilipa zamani.

Kwenye telefone mambo ni tofauti kidogo. Michezo mingi inafunga maendeleo na akaunti ya Google, na akaunti hiyo mara nyingi ni ya mama. Telefone ikiibiwa, mtoto anaweza kurudishiwa mchezo wake kwenye telefone nyingine, mradi kuna anayekumbuka anwani na neno la siri. Liandikeni katika daftari la nyumbani. Namba ya siri ya pesa msiiandike humo, wala mtoto asiijue.

Mama mmoja alituuliza kama hatuwatii watoto moyo wa kupoteza wakati. Swali ni la haki. Mpira huo wa Konami umewekewa alama ya 3 huko Ulaya, maana yake hata mtoto mdogo anaweza kuutazama. GTA San Andreas, ambao nao unazunguka sana kwa kle, umewekewa alama ya 18, na sisi hatuutaki mikononi mwa watoto wa shule hata kama faili yake ni nyepesi kubeba. Saa za kucheza ziwe kisha masomo na kazi. Lakini kwa wale ndugu wawili, mama yao amekataa kabisa kuwazuia, na sisi tulikuwa upande wake.

Kle iliondoka siku ya tatu, imefungwa katika karatasi ndani ya kitambaa cha jibini, kwa mchuuzi anayepeleka Goma kila juma. Juu ya karatasi mdogo ameandika: 17. Usianze kabla ya kunipigia.