Mvivu darasani, mwepesi uwanjani

Jua likianza kupoa juu ya Lubumbashi, viwanja vya vumbi vya Katuba na vya komini ya Kenya hujaa vijana. Mmoja wao ana miaka 15. Asubuhi alisinzia juu ya daftari la hesabu mpaka mwalimu akampigia meza. Sasa anakimbia saa mbili mfululizo, miguu mitupu, na mama yake akimwita aje kula bukari hasikii. Mama anabaki mlangoni akijiuliza: "Huyu mutoto ni muvivu, lakini nguvu ya mpira anaitoa wapi?"

Swali la mama huyu ndilo swali ambalo wataalamu wa ubongo wamelishughulikia kwa miaka mingi, na jibu lao linamtetea kijana kuliko tunavyodhani. Hamu ya kufanya jambo haikai mwilini kama maji ndani ya ndoo, kwamba huyu kajaliwa tele na yule kapewa kidogo. Huamshwa na jambo lenyewe, na namna jambo hilo linavyomjibu mtu.

Ndani ya ubongo kuna kemikali iitwayo dopamini. Wengi huiita kemikali ya raha, lakini kazi yake inafanana zaidi na ya mpeleka habari. Katika miaka ya 1990 mtafiti Wolfram Schultz na wenzake walipima seli za dopamini za nyani waliokuwa wakipewa matone ya juisi. Juisi ilipokuja bila kutarajiwa, seli zilisisimka. Nyani walipoizoea, zikasisimkia ishara iliyotangulia juisi. Ishara ilipotolewa na juisi isifuate, seli zikanyamaza. Kwa hiyo dopamini huuambia ubongo kama kilichopatikana kimezidi kilichotarajiwa au kimepungua, na ubongo hujifunza kutokana na taarifa hiyo mahali panapostahili jasho.

Katika ujana, ambao Shirika la Afya Duniani huuhesabu kuanzia miaka 10 hadi 19, sehemu za ubongo zinazoitikia tuzo huwa na msisimko mkubwa. Sehemu iliyo nyuma ya paji la uso, inayopanga mambo ya mbali na kuvuta subira, huendelea kukomaa hadi karibu miaka 25. Sasa linganisha. Uwanjani, ukipiga chenga unaona matokeo papo hapo, na wenzako wanapiga kelele. Darasani, kijana anaambiwa asome kwa bidii kwa ajili ya Exetat, mtihani wa taifa ulioko mwishoni mwa sekondari. Kwa mtoto wa miaka 14, siku hiyo iko mbali mno kumwamsha alfajiri.

Mashabiki wa TP Mazembe, klabu ya soka ya Lubumbashi, wanajua habari za kungoja. Timu yao ilichukua ubingwa wa vilabu vya Afrika mwaka 1967 na 1968, kisha haikuupata tena hadi 2009. Ni miaka 41. Kilichowashikilia katikati ni kwamba daima kulikuwa na mechi nyingine iliyo karibu, yenye bao lake na machozi yake. Kijana naye anahitaji mechi za karibu. Milinganyo mitano iliyomshinda Jumatatu, aipate mitatu ifikapo Alhamisi, na mtu aione.

Wanasaikolojia Edward Deci na Richard Ryan wameandika kwa miongo kadhaa kwamba hamu inayodumu hustawi mtu anapohisi ana hiari katika jambo, anapoona uwezo wake unakua, na anapojua kuna watu ambao ni wa kwake. Uwanja wa vumbi unayatoa yote bila ada. Anachagua acheze upande gani, anajiona akiwa bora kuliko mwezi uliopita, na asipotokea, wenzake humfuata hadi nyumbani. Ni madarasa mangapi ambamo kijana asipoonekana kuna anayemfuata?

Hapa wazazi na walimu hukimbilia sifa. "Una akili kama baba yako!" Mwaka 1998 Claudia Mueller na Carol Dweck walichapisha majaribio waliyowafanyia watoto wa shule ya msingi Marekani. Waliosifiwa kwa akili baadaye walipendelea maswali rahisi ambayo yangelinda sifa yao, na baada ya kushindwa swali gumu walifanya vibaya zaidi kuliko waliosifiwa kwa juhudi. Nisieleweke kwamba kubadili neno moja kunatosha. Utafiti mkubwa wa 2019, uliohusisha maelfu ya wanafunzi wa sekondari wa Marekani, ulikuta kwamba somo fupi la kuwafundisha kuwa akili hukua liliwasaidia waliokuwa nyuma, lakini kwa kiasi kidogo.

Linalonigusa zaidi ni jaribio lililochapishwa mwaka 2014 na David Yeager, Geoffrey Cohen na wenzao. Walimu walisahihisha insha za wanafunzi wa miaka kama 13 kwa ukali wa kawaida. Kisha baadhi ya insha zikabandikwa kikaratasi chenye ujumbe huu kwa ufupi: nimekusahihisha hivi kwa sababu nakutarajia makubwa, na najua utayafikia. Mabadiliko yalikuwa makubwa kwa wanafunzi weusi, waliokuwa na sababu za kutowaamini walimu wao. Waliorudia kuandika insha zao walipanda kutoka chini ya wanafunzi 2 katika kila 10 hadi kama 7. Wino mwekundu ulikuwa uleule. Walichopata cha ziada ni kujua kwamba aliyewasahihisha hajawakatia tamaa.

Nalikumbuka jaribio hilo kila matokeo ya Exetat yanapotoka. Waliofaulu humwagiwa poda nyeupe kichwani, mitaa inaimba, na nyumba ya jirani imefungwa mlango kwa sababu wa huko hakufikisha asilimia 50. Kijana wa nyuma ya mlango huo anasikia kila wimbo. Siku hiyo ndiyo ya mtu mzima kuingia, kukaa, na kumwambia kwamba mwakani wataanza pamoja na somo lililomwangusha.

Kabla ya kumwita mtoto mvivu, uliza pia juu ya usingizi. Katika ujana, homoni ya usingizi, melatonini, huchelewa kutoka usiku, na mwanga wa simu huichelewesha zaidi. Kijana anahitaji saa 8 hadi 10, na shule inaanza mapema. Malaria inayojirudia na upungufu wa damu, hasa kwa wasichana walioanza hedhi, nao huleta uchovu unaofanana sana na uvivu. Kipimo cha damu kinaweza kusema kile ambacho ukali haukukisema.

Lipo na jambo zito zaidi. Shirika la Afya Duniani linakadiria kwamba kijana 1 kati ya 7 duniani anaishi na tatizo la afya ya akili. Mvivu huchagua: anakimbia hesabu, anakimbilia mpira. Sonona, yaani dépression, haichagui. Huondoa hamu ya hesabu, ya mpira, ya marafiki, pengine hata ya bukari, na hali hiyo hudumu karibu kila siku kwa wiki mbili au zaidi. Baadhi ya vijana huonyesha hasira kuliko huzuni, ndiyo maana huambiwa wana kichwa nguvu wakati wanaumwa. Akitamka kwamba heri afe, asiachwe peke yake hata saa moja. Lubumbashi ina kituo cha magonjwa ya akili, Centre Neuropsychiatrique Dr Joseph Guislain, na kituo cha afya cha karibu kinaweza kuwa mlango wa kwanza.

Ukifika huko, usianze na alama zake za shule. Mwambie muuguzi tangu lini halali, tangu lini hali vizuri, na tangu siku gani ameacha kwenda uwanjani.